Kachumbari ya Pudensiana

Kuna watu wanaoalikwa harusini kwa sababu ya undugu, na wapo wanaoalikwa kwa sababu ya michango yao. Pudensiana alialikwa kwa sababu ya kisu chake. Mjini Mpanda, kuanzia Kashaulili mpaka kule reli inakoishia, mtu akitangaza shughuli, na kamati ikishamaliza kugombana juu ya nani apike pilau, lazima mama mmoja angeuliza: "Na kachumbari je? Mama Dina mmeshamwambia?" Akijibiwa kwamba ameshaambiwa, watu walihamia kwenye ajenda nyingine.

Kisu chenyewe hakikuwa cha dukani. Mumewe, fundi Damiano, seremala, alikikata kutoka kwenye msumeno uliovunjika mwaka waliooana, akakitilia mpini wa mninga. Tangu mwaka huo kila Jumamosi jioni alikinoa yeye mwenyewe kwa jiwe lake. Jiwe lilikaa kwenye sanduku la vifaa vyake vya kazi, na sanduku la fundi haliguswi na mtu mwingine. Kwa miaka thelathini na moja ya ndoa Pudensiana hakuwahi kuinua kifuniko chake. Wala hakukatazwa kwa ukali. Yeye alikuwa na kisu chake, mwenzake alikuwa na sanduku lake, na maisha yakaenda.

Sasa usidhani kachumbari ni kukatakata tu vitu na kuvitupia kwenye beseni. Hapo Pudensiana angekufukuza jikoni, hata kama shughuli ni ya kwako. Kitunguu alikikata kwanza, chembamba kama karatasi, akakipondaponda na chumvi kwa mkono, akakiosha na kukikamua mara tatu mpaka ukali uishe na utamu ubaki. Tango alilimenya kwa mistari. Nyanya alitaka ngumu, ile ambayo ukiibonyeza inakurudishia kidole. Na kwa sababu alizaliwa milimani Mwese, ambako matunda hayakuwa kitu cha wagonjwa na wageni tu, alichanganya na matunda: embe lililoanza kuiva lakini bado lina uchachu, tikiti lililokatwa vipande vidogo, ndizi mbivu kidogo kwa wanaopenda, na parachichi likiingia mwisho kabisa ili lisipondeke. Giligilani juu, pilipili moja, ndimu. Chumvi ya kula hakuitia mpaka wageni wameshakaa na sala imeshasaliwa. Ukitia chumvi mapema, alikuwa akiwaambia wasichana wa zamu, kila kitu kinatoa maji, na watu watakula supu ya nyanya huku wakikusema.

Huko huko Mwese ndiko Damiano alikompatia. Alikuwa kijana wa mjini aliyekwenda kutengeneza mabenchi ya kigango, na siku ya kuyazindua Pudensiana akapewa kazi ya kugawa chakula. Kwao, mtu hampi mwenzake chakula wala kinywaji bila kukionja kwanza mbele yake. Huko ndiko kutoa sumu, ili anayekula ale bila wasiwasi. Basi msichana akachota kijiko, akaonja, akamsogezea fundi sahani. Fundi akamtazama, akasema, "Onja tena. Sijaona vizuri." Akaonja tena. Akaambiwa bado. Wazee wakacheka, mama yake akakohoa, na fundi siku ile alikula sahani tatu. Mpaka wanazeeka, Pudensiana hakuwahi kumwekea Damiano bakuli bila kuonja kijiko cha kwanza na kusema, "Haya, nimetoa sumu," naye Damiano hakuwahi kukosa kujibu, "Sijaona vizuri."

Presha Damiano alikuwa nayo kwa miaka mingi, na aliichukulia kama mgeni ambaye ukimnyamazia ataondoka mwenyewe. Dawa alikunywa akijisikia vibaya, akijisikia vizuri aliziacha. Mwaka huu, mwezi wa nane, miguu ikaanza kuvimba na uso ukaumuka. Akaandikiwa kwenda hospitali kubwa, nje ya mkoa. Wiki hiyohiyo Pudensiana alikuwa ameshaahidi kachumbari ya harusi ya binti wa katekista, watu mia tatu. Damiano akasema, "Wewe baki, usiwaangushe watu. Nitakwenda na Method." Method ni mdogo wake, mtu mpole asiyeuliza mambo. Wakaenda, wakarudi baada ya siku tisa, na Method hakuwa na la kueleza kwa sababu kila daktari alipoita, kaka yake alimwambia asubiri nje.

"Wamesemaje?" Pudensiana akauliza hata kabla begi halijafika chini.

"Figo zimechoka," Damiano akasema. "Wamesema niache chumvi, nipumzike."

"Basi?"

"Basi. Na dawa hizi."

Chumvi! Hilo Pudensiana aliliweza. Mtu aliyeilinda chumvi maisha yake yote angeshindwaje kuiondoa? Siku hiyohiyo kopo la chumvi lilihamia kwa jirani. Akaanza kupika bila hiyo, akizidisha ndimu na giligilani ili ulimi usigundue. Kitunguu akakikamua kwa maji matupu. Alijivunia jambo hilo, tena sana, akiwasimulia wanawake wenzake kisimani kwamba nyumbani kwake hata punje haiingii.

Ikaja Oktoba. Anayelijua jua la Mpanda la Oktoba haambiwi, na asiyelijua hata akisimuliwa hataelewa. Bati linalia peke yake mchana, vumbi limekaa kwenye majani, mvua hazijafika, na mtu mzima mwenye afya anatamani kulala sakafuni. Damiano ugali ukamshinda. Nyama ikamnukia vibaya. Alisema mdomo wake una ladha ya msumari, na yeye alijua ladha hiyo, kwani nusu ya maisha yake alifanya kazi misumari ikiwa mdomoni. Kitu kimoja tu kilipita kooni: kachumbari ya mkewe, iliyokaa kwenye bakuli ndani ya sufuria la maji ya mtungi mpaka ikapoa.

Basi akapewa asubuhi, mchana na jioni. Redio ilisema mboga na matunda, mboga na matunda, kila siku baada ya taarifa ya habari. Majirani walisema hivyohivyo. Mgonjwa hatembelewi mikono mitupu, kwa hiyo kila aliyekuja alikuja na machungwa, au mkungu wa ndizi, na Pudensiana alikuwa akiagiza parachichi za Mwese kwa vijana wa pikipiki, akiwatuma wachague zenye shingo ndefu. Ilikuwa kama shughuli isiyokwisha, yenye mgeni mmoja. Alikaa karibu na kitanda cha mgonjwa kilichotolewa barazani, akaonja kijiko cha kwanza, akasema, "Nimetoa sumu." Damiano akajibu lake. Akala mpaka akafuta bakuli kwa kidole. Na tuseme ukweli hata kama unauma: siku hizo Pudensiana alikuwa na furaha. Aliwalisha mamia ya watu wasiomjua jina, na sasa alimlisha mtu mmoja aliyemjua mpaka mikunjo ya shingo.

Ila fundi hakunenepa. Alizidi kuishiwa. Miguu ikawa kama si yake, akishikwa mkono kwenda chooni. Siku nyingine alishika kifua na kusema, "Mama Dina, moyo huu unaruka kama kuku aliyefungwa miguu," kisha akacheka ili na mkewe acheke. Pudensiana akafanya kile ambacho mke yeyote wa Mpanda angefanya. Akaongeza ndizi, maana ndizi zinatia nguvu. Akaongeza parachichi, maana parachichi linajenga mwili. Kadiri mume alivyodhoofika ndivyo bakuli lilivyojaa.

Jumamosi moja mchana kisu kilikataa kukata nyanya. Kilikuwa kinaiponda. Damiano hakukinoa wiki nne, vidole havikuwa na nguvu ya kushika jiwe, na Pudensiana hakutaka kumkumbusha. Alimchungulia pale barazani akamkuta amelala, mdomo wazi, nzi mmoja kwenye shuka. Akaingia ndani na kukaa mbele ya lile sanduku kwa muda, akimwomba radhi moyoni. Kisha akainua kifuniko.

Ndani kulikuwa na usafi uliomshangaza. Randa upande wake, patasi zimepangwa kwa ukubwa, futi imekunjwa, penseli bapa iliyochongwa kwa kisu. Jiwe la kunolea lilikuwa limefungwa kwenye kipande cha kitenge chake cha zamani, kile alichodhani kiliibiwa kwenye kamba ya nguo. Alitabasamu. Akaliinua jiwe, na chini yake palikuwa na karatasi iliyokunjwa mara nne.

Ilikuwa na muhuri wa ile hospitali kubwa. Juu liliandikwa jina la Damiano. Chini yake, kwa mkono wa mtu aliyetaka asomwe vizuri, herufi kubwa kubwa: VYAKULA VYA KUEPUKA KABISA. Chumvi ilikuwa ya kwanza. Halafu ndizi. Parachichi. Nyanya. Chungwa. Embe. Tikiti. Pembeni mtu aliongeza: "Vinaongeza madini ambayo figo zako haziwezi kuyatoa. Moyo unaweza kusimama ghafla. MWONESHE MKEO."

Pudensiana alisoma mara moja tu. Alikuwa kama amesomewa vitu vilivyokuwa wakati huohuo kwenye ubao wake wa kukatia, kimoja baada ya kingine, na mtu aliyesimama nyuma yake jikoni. Alikunja karatasi kwa mikunjo yake ileile, akaifunga mkononi, akakaa sakafuni na mgongo wake ukutani. Alijaribu kulia, kilio hakikuja. Alichofanya ni kuhesabu mabakuli. Matatu kwa siku tangu Oktoba, na yale ya kabla yake tangu mwezi wa nane. Alifika mahali akaacha kuhesabu.

Alipotoka nje barazani, Damiano alikuwa ameamka. Aliona karatasi kabla hajaona uso wa mkewe.

"Umefungua sanduku," akasema.

"Nilitafuta jiwe."

Jogoo wa jirani akapita, akasimama, akaendelea na safari yake.

"Hii ni nini, baba Dina?"

"Si umesoma."

"Nataka uniambie wewe. Kwa mdomo wako. Ulinikalisha hapa miezi miwili nakulisha sumu kwa kijiko, wewe unasema hujaona vizuri, tunacheka. Tunacheka! Hii ni nini?"

Damiano alitazama mikono yake. "Walisema kuna mashine ya kusafisha damu," akasema polepole. "Mara tatu kwa wiki, maisha yote, na tuhamie huko. Nikauliza, bila mashine je? Yule daktari ni kijana muungwana, hakunidanganya. Akasema ni miezi tu, ule vizuri ule vibaya. Nikafikiri, basi miezi hiyo nile."

"Na mimi hukunifikiria?"

"Nilikufikiria wewe tu. Ningekuonesha, ungeacha kunitengenezea."

"Ningeacha ndiyo! Ningeacha siku ileile!"

"Ndiyo maana sikukuonesha."

Waswahili wamesema mficha maradhi kilio humuumbua, lakini hawakusema inakuwaje pale anayefichwa ndiye aliyeshika kijiko. Pudensiana alirudi jikoni, akachukua bakuli lile lililokuwa nusu tayari, akalimwaga lote uani. Kuku walikuja mbio. Aliwatazama wakigombania vipande vya parachichi, akaona hata kuku wa Mpanda wanaweza kula kitu ambacho mume wake hawezi, na hapo ndipo alipolia, kwa sauti, kama mtu ambaye msiba umeshafika.

Kuanzia siku hiyo alifunga mkono. Asubuhi uji mweupe, bila sukari nyingi, bila kitu. Mchana uji. Jioni ugali kidogo na maji ya moto, kwa sababu hakujua tena kipi ni chakula na kipi ni kifo. Kila kilichowahi kuingia kwenye lile bakuli kilimtisha. Kisu alikifunga kwenye gazeti akakisukuma juu ya kabati. Damiano alijaribu. Alitia uji mdomoni, akaushikilia, akautema pembeni taratibu ili asimuudhi.

"Mama Dina," akamwambia siku ya tatu, "tango tu. Tango halina neno."

"Nani kasema?"

"Walisema wenyewe. Tango halikukatazwa."

"Na wewe ni wa kuaminiwa?" Pudensiana akasema. "Wewe, baba Dina, ndiye wa kuniambia nini kimekatazwa na nini hakikukatazwa?"

Damiano alifumba macho, na Pudensiana alijisikia ameshinda, ushindi ambao hata yeye mwenyewe hakujua aupeleke wapi.

Siku ya nne akaja Malale, Msukuma mwenye ng'ombe kule nje ya mji, rafiki wa fundi tangu alipomtengenezea milango ya nyumba yake ya kwanza. Alikuja na tikiti kubwa kwenye baiskeli, limefungwa kwa mpira nyuma kama mtoto.

"Mayu, mama Dina, nimesikia rafiki yangu anapenda vitu vya baridi," akasema kwa furaha. "Hili limetoka kwenye bustani ya mke wangu. Likate sasa hivi ale nikimwona."

"Asante shemeji. Hali matunda siku hizi."

"Hali? Huyu?" Malale akacheka. "Mwenzangu huyu atakula hata mbegu."

"Nimesema hali."

Malale alimtazama, kisha akamtazama fundi aliyekuwa amegeuza uso ukutani. Mtu akikataliwa zawadi ya mgonjwa, kwao na kwetu, amefukuzwa. Aliliweka tikiti chini kwenye kona ya baraza, pole pole, akamshika rafiki yake mguu uliovimba, akapanda baiskeli. Jioni mtaa ulikuwa umeshaambiana. Mama Dina amekuwa mchoyo. Mama Dina anamnyima mumewe chakula, sijui anangoja nini. Wanawake wale aliowafundisha kukamua kitunguu walipita mbele ya nyumba yake wakisalimia kwa mbali. Yeye alilibeba lile tikiti, akalificha stoo nyuma ya magunia ya mkaa, kwa sababu Damiano alikuwa akilitazama.

Ijumaa akafika Dina, binti yao, na basi la kutoka Inyonga, anakofundisha shule ya msingi. Alimkuta baba yake amekuwa mfupi, kitanda kimekuwa kikubwa. Alikaa naye, akazungumza naye, kisha akamfuata mama yake jikoni.

"Mama, mpe tu anachotaka. Kidogo."

"Kidogo!" Pudensiana alipiga mwiko kwenye sufuria. "Nimeshamuua miezi miwili, Dina. Unataka nimalizie leo ukiwa unaangalia?"

"Mama, hakuna anayesema umemuua."

"Mimi nasema."

"Hiyo karatasi iko wapi niione?"

"Nimeirudisha sandukuni, alipoiweka mwenyewe. Hata sitaki kuishika."

Dina alikuwa amefunzwa kuheshimu, sanduku lilikuwa la baba yake na jikoni ilikuwa ya mama yake.

Alhamisi iliyofuata, saa tano asubuhi, Damiano aliita. Sauti ilikuwa imebaki pumzi tu. Pudensiana akainama.

"Hata harufu," akasema. "Harufu yake tu, Pude."

Hakuwa amemwita Pude tangu Mwese. Alikwenda jikoni, akashusha kisu kutoka juu ya kabati, kisu butu, akakata ndimu kwa kuisukuma zaidi kuliko kuikata. Akaileta nusu, akaisogeza puani kwake. Damiano alivuta pumzi. Midomo yake ilifunguka ikingoja, kama ya mtoto, na tone moja lilikuwa limening'inia kwenye ncha ya ndimu. Pudensiana aliliona. Alivuta mkono nyuma. Tone likadondokea shuka, na baada ya muda usio mrefu Damiano akaacha kuvuta pumzi, midomo ikiwa bado imefunguka.

Kwa msiba Mpanda haina uvivu. Kabla ya saa nane uani kulikuwa na turubai, masufuria, kuni, na wanawake wa mtaa waliomsema wiki nzima sasa walikuwa wameshika mifagio na ndoo za nyumba yake. Walimketisha Pudensiana kwenye mkeka sebuleni na kumfunga kitenge kichwani. Mfiwa hapiki. Alisikia kila kitu kutoka jikoni kwake. Alisikia wakiulizana kisu kiko wapi. Alisikia mmoja akisema, "Jamani, stoo kuna tikiti hili hapa," na kishindo chake lilipopasuliwa. Alisikia chumvi ikitiwa mapema, maana aliyetia aliuliza kwa sauti kama inatosha. Malale alikuwa nje na wanaume, akilia bila kujificha.

Dina aliingia chumbani kutafuta jina kamili la baba yake kwa ajili ya msalaba, kwa sababu mafundi walitaka kuandika. Alifungua lile sanduku, akatoka na ile karatasi. Alikuja kukaa mkekani karibu na mama yake, akaifungua, akasoma kimya. Kisha akaigeuza.

Pudensiana alimwona akiigeuza. Hakuwa amejua kwamba ina upande wa pili.

"Kuna nini huko?" akauliza.

"Hakuna kitu, mama."

"Dina, soma."

Dina alisoma kwa sauti ndogo, ile wanayotumia walimu mtoto akiwa amekosea mbele ya darasa nao hawataki wengine wasikie. "Vinavyoruhusiwa. Tango. Kitunguu. Kabichi iliyochemshwa na maji kumwagwa. Nanasi, vipande viwili. Ndimu kidogo, kuongeza ladha." Aliikunja. "Basi, mama. Imeishia hapo."

Tango lilikuwa la kwanza.

Wanawake waliokuwa karibu waliona Pudensiana ametulia, wakamshukuru Mungu kwa kumtia nguvu. Yeye alikuwa anaona midomo iliyofunguka na tone la ndimu. Miezi miwili alimpa kilichokatazwa, na siku kumi na mbili akamnyima kilichoruhusiwa, na kama mtu angekaa chini kwa makusudi kupanga namna ya kumtesa mume wake asingepanga vizuri zaidi. Huo ndio ukweli wake alioushika siku ile, na sikumsikia mtu yeyote, padri akiwemo, aliyefaulu kuutoa mkononi mwake.

Jioni watu walipokula, Dina alimletea bakuli. Wali kidogo pembeni, na kachumbari. Ilikuwa imekatwa vibaya, minene, na imeshatoa maji kwa ile chumvi ya mapema. Nyanya zilikuwemo, parachichi, ndizi, vipande vya tikiti la Malale vikielea. Binti alipiga magoti kwenye mkeka kama alivyolelewa, akachota kijiko, akaonja mbele ya mama yake.

"Nimetoa sumu, mama," akasema, na hapohapo akashika mdomo wake, kwa sababu lilikuwa neno la kila siku la nyumba ile, limetoka lenyewe.

Pudensiana alimtazama. Kisha akapokea bakuli. Wanawake wakafurahi, maana alikuwa hajatia kitu mdomoni tangu asubuhi. Alikula nyanya. Alikula parachichi, ndizi, kila kipande cha tikiti, akainua bakuli na kunywa yale maji ya chini mpaka mwisho, akalifuta kwa kidole. Akaliweka mbele yake. Akapeleka kiganja kifuani, upande wa kushoto, akakiacha pale, akasubiri moyo uruke.

Nje waliimba wimbo mzima, wakaanza mwingine. Moyo ulipiga vizuri tu, taratibu, moyo wa mtu mzima mwenye figo zake mbili. Dina akamuuliza kama anataka kuongezewa.